Njia ya chuo huanzia kidato cha pili



Kila mwaka mwezi Januari, Baraza la Mitihani (NECTA) likishatangaza matokeo ya kidato cha nne, simu yangu haipumziki. Nimefundisha sekondari kwa miaka mingi hapa Dar es Salaam, na kwa muda mrefu sasa nimekuwa nikikaa na wazazi na vijana siku za Jumamosi baada ya swala ya Alasiri, tukiangalia matokeo na kujibu maswali. Swali ni lile lile: "Mwalimu, huyu kapata Four ya 28, nimpeleke wapi?" Mara nyingi jibu ninalo. Lakini mara nyingi vile vile hulazimika kumwambia mzazi kwamba mlango anaoutaka ulifungwa miaka miwili nyuma, siku mtoto alipopewa karatasi ndogo shuleni achague masomo ya kidato cha tatu, na nyumbani hakuna aliyeiona karatasi hiyo.

Sisi wazazi wa mjini tumezoea kudhani kwamba kumwandaa mtoto kwa ajili ya chuo na kazi ni kumtafutia ada na kumlipia tuisheni. Ada ni muhimu, na tuisheni inasaidia. Ila kuna mambo ambayo hayahitaji hata senti tano na bado yanawaangusha watoto wengi kuliko umaskini, nayo ni kutojua taratibu: somo gani linafungua chuo gani, pasi ipi inahesabika, karatasi gani itadaiwa na lini. Haya ndiyo ninayotaka tuyasome leo.

KARATASI YA KIDATO CHA TATU

Katika mtaala ambao watoto wetu wengi wameupitia, kidato cha kwanza na cha pili mtoto husoma karibu kila somo. Akishafanya mtihani wa taifa wa kidato cha pili, kuna masomo saba ambayo lazima aendelee nayo: Uraia, Historia, Jiografia, Kiswahili, Kiingereza, Baiolojia na Hisabati. Fizikia na Kemia anaruhusiwa kuziacha. Na wengi huziacha.

Ukiwauliza kwa nini, sababu ziko wazi. Shule haikuwa na mwalimu wa Fizikia mwaka mzima. Maabara ni jengo lenye meza na bomba lisilotoa maji. Rafiki zake wote wamekwenda "Arts". Kaka yake alimwambia Fizikia ni ngumu. Mtoto wa miaka 15 hawezi kulaumiwa kwa kukimbia kitu kinachomtisha. Wa kuulizwa ni mtu mzima aliyekuwa karibu naye siku ile.

Sasa tazama kinachofuata. Mtoto anayetaka kusomea utabibu au uuguzi ngazi ya diploma anatakiwa awe na pasi nne za kidato cha nne katika masomo yasiyo ya dini, na miongoni mwa hizo lazima ziwemo Kemia, Baiolojia na Fizikia. Pasi maana yake ni D na kuendelea. Na D huanzia alama 30. Rudia kuisoma sentensi hiyo, mzazi. Chuo hakikutaka mtoto awe bingwa wa Fizikia, kilitaka alama 30 kati ya 100. Mtoto aliyeiacha Fizikia kwa kuogopa kupata F ameukosa mlango ambao D ingeufungua.

Niliwahi kuletewa binti mmoja kutoka Mbagala. Alikuwa na B ya Baiolojia, C nne, na nidhamu ambayo kila mwalimu angeitamani. Tangu mdogo alikuwa akisema atakuwa nesi, na mama yake alikuwa ameshaanza kucheza upatu kwa ajili ya ada ya chuo. Hakuwa na Fizikia wala Kemia. Mama aliniuliza mara tatu, kana kwamba ningebadilisha jibu, "Hata na B hii ya Baiolojia?" Hata na B hiyo. Njia iliyobaki ilikuwa kurudia masomo hayo mawili akiwa mtahiniwa wa kujitegemea, tena kuanzia kidato cha kwanza, na kutafuta kituo chenye maabara inayofanya kazi. Binti alijaribu mwaka mmoja, akakata tamaa, akasomea mambo ya hoteli. Anafanya kazi, Alhamdulillah, na sina la kumlaumu. Lakini wodi zetu zimemkosa nesi mzuri kwa sababu ya karatasi moja.

Ushauri wangu kwa hiyo ni huu: kama mtoto hajajua anataka kuwa nani, asiiache Fizikia wala Kemia. Mwenye masomo ya sayansi anaweza kuhamia biashara, sheria au ualimu baadaye. Asiye nayo hawezi kurudi. Sisemi kila mtoto awe daktari. Nasema asifunge mlango kabla hajajua nyuma yake kuna nini.

Mtaala mpya, ulioanza kuingia kwa awamu tangu mwaka 2024, umeusogeza uchaguzi mapema zaidi. Katika shule zenye mkondo wa amali, yaani ule unaochanganya masomo na ufundi, mtoto huingia mkondo huo tangu kidato cha kwanza. Maana yake mzazi anatakiwa kuuliza maswali haya mtoto angali ana miaka 13.

PASI NNE NI ZIPI?

Hapa naomba tusome taratibu, maana jambo hili linatugusa sisi moja kwa moja.

Miongozo ya vyuo vya kati vilivyo chini ya baraza ambalo zamani tulilijua kwa jina la NACTE, na sasa linaitwa NACTVET, hutumia maneno haya kwa kozi nyingi: pasi nne za masomo yasiyo ya dini. Elimu ya Dini ya Kiislamu ni somo la mtihani, linafundishwa, linasahihishwa, na alama yake huonekana kwenye matokeo kama masomo mengine. Lakini linapofika suala la kuhesabu zile nne, halihesabiwi. Ndivyo ilivyo pia kwa ndugu zetu Wakristo na masomo yao ya dini.

Kila mwaka hukutana na vijana wenye pasi nne hasa: Kiswahili D, Uraia D, Historia D na Elimu ya Dini ya Kiislamu B. Baba amefurahi, na ana haki ya kufurahi, maana B si jambo dogo. Chuoni wanamhesabia tatu. Kijana anarudi nyumbani akiamini kuwa amebaguliwa, na maneno hayo yanasambaa mtaani kabla ya Magharibi. Nimewasikia watu wakijadili kama kanuni hiyo ni ya haki au la. Mjadala huo una mahali pake na wenye elimu waujadili. Mimi nasema tu kwamba kanuni imeandikwa, inatumika, na mtoto wako anatakiwa kuijua akiwa kidato cha tatu, asije akaisikia kwa mara ya kwanza kwenye dirisha la chuo.

Je, alisome au aliache? Alisome. Somo hili halisomwi kwa sababu ya chuo peke yake. Ila akae chini na kalamu, ahesabu masomo mengine bila hilo, aone kama nne zinatimia. Kama hazitimii, basi jioni mbili kwa wiki ziende kwenye Jiografia au Kiingereza. Na Kiarabu kisichanganywe humu. Kiarabu ni lugha kama Kifaransa, wala si somo la dini. Watoto waliopita madrasa wakafika mahali pa kusoma na kuandika vizuri wana mtaji ambao shule nyingi za mjini haziutumii.

POINTI ZINAVYOTUDANGANYA

Watu wetu wanapenda kuuliza "amepata ya ngapi?" kuliko kuuliza "amefaulu masomo gani?" Divisheni hupatikana kwa kujumlisha masomo saba aliyofanya vizuri zaidi: A ni pointi 1, B 2, C 3, D 4 na F 5. Pointi 7 hadi 17 ni divisheni ya kwanza, 18 hadi 21 ya pili, 22 hadi 25 ya tatu, 26 hadi 33 ya nne. 34 na 35 ni sifuri.

Chukua watoto wawili wenye Four ya 28. Wa kwanza ana D saba. Wa pili ana C tatu, D moja na F tatu. Ukijumlisha, wote ni 28. Mtaani wataambiwa wamelingana, lakini hawakulingana hata kidogo. Yule wa D saba hana C hata moja, kwa hiyo kidato cha tano asahau kabisa, lakini ana pasi saba na vyuo vya kati vingi vinamtazama kwa jicho zuri, hasa kama miongoni mwa hizo D kuna sayansi. Yule wa C tatu, kama masomo hayo si ya dini na yanaunda mchepuo mmoja, siku hizi wanauita tahasusi, anaweza kujaribu kidato cha tano katika shule binafsi. Lakini akigeukia vyuo vya kati ana pasi nne tu, hana ya akiba, na moja ikiwa ya dini ameshapungukiwa.

Kwa hiyo ukiniletea mtoto, usiniambie pointi. Niletee karatasi yote.

Na tuache pia desturi ya kumwita mwenye divisheni ya nne "aliyefeli". Mwenye D nne na F tatu ana pointi 31. Hilo si jambo la kufanyia sherehe, lakini zile D nne, zikiwa za masomo yanayohesabika, zinamwingiza chuo ngazi ya nne, ambayo ni cheti cha awali. Kutoka hapo hupanda ngazi ya tano, kisha ya sita ambayo ni diploma. Nawafahamu watu wenye ofisi zao leo waliopandia hapo hapo. Kumwambia mtoto huyo "umefeli" na kumkabidhi bodaboda ni kumpotezea haki ambayo tayari anayo.

NJIA MBILI

Baada ya kidato cha nne kuna barabara mbili kubwa za kufikia digrii. Ya kwanza ni kidato cha tano na cha sita, kisha chuo kikuu. Ya pili ni chuo cha kati miaka mitatu, apate diploma, kisha chuo kikuu. Kwa njia ya pili Tume ya Vyuo Vikuu (TCU) hutaka wastani wa GPA 3.0 kwenye diploma pamoja na zile pasi nne za kidato cha nne.

Wazazi wengi huidharau njia ya pili. Tuhesabu miaka. Kijana anamaliza kidato cha nne Novemba 2026 na anataka uhandisi. Kwa njia ya kwanza ataanza kidato cha tano Julai 2027, atafanya mtihani wa kidato cha sita Mei 2029, ataingia chuo kikuu mwishoni mwa mwaka huo na kumaliza miaka minne baadaye, yaani 2033. Kwa njia ya pili ataingia chuo cha ufundi mwishoni mwa 2027, tuseme DIT hapa Dar es Salaam au Chuo cha Ufundi Arusha, atapata diploma 2030 na digrii 2034. Tofauti ni mwaka mmoja. Lakini yule wa pili, tangu 2030, ana kazi mkononi. Ikitokea baba amefariki au biashara imeanguka, anaweza kusimama hapo, akafanya kazi, akarudi chuo baadaye. Wa kwanza akisimamia kidato cha sita hana fundi anayemwita.

Kwa nini basi nisiwaambie wote waende chuo? Kwa sababu ya fedha. Ada ya kidato cha tano na cha sita katika shule za Serikali ilifutwa kuanzia mwaka wa fedha 2022/23. Chuo cha kati kina ada kila mwaka. Mikopo ya diploma ilianza kutolewa mwaka 2023/24, lakini kwa fani zilizochaguliwa tu. Kwa hiyo mtoto wa mjane, mwenye kichwa kizuri, aliyechaguliwa shule ya Serikali, aende huko asiangalie nyuma. Mtoto mwenye mikono ya ufundi, anayefungua redio na kuifunga ikalia, ambaye baba yake anaweza kulipa kidogo kidogo, nitampeleka chuo. Na yule ambaye pasi hazikutimia kabisa, VETA ipo. Inapokea hata waliomaliza darasa la saba, ina ngazi zake tatu, na fundi umeme mwenye cheti mjini hapa halali njaa.

Kuna mtego mmoja kidato cha sita ambao huwanasa hata walimu. NECTA huhesabu pointi ndogo kuwa bora: A ni 1, B 2, C 3, D 4, E 5. TCU huhesabu kinyume: A ni 5, B 4, C 3, D 2, E 1. Sharti la chini la kuingia digrii ni ufaulu wa prinsipo mbili katika masomo yanayotakiwa na kozi, zenye jumla ya pointi 4 kwa hesabu ya TCU. D mbili zinatosha. C na E zinatosha. Sasa chukua kijana mwenye E tatu. Kwa NECTA ana pointi 15, nayo ni divisheni ya tatu, na nyumbani wamechinja kuku. Kwa TCU masomo yake mawili bora yanampa pointi 2. Hafiki. Kijana mwingine mwenye D mbili na F ana pointi 15 hizo hizo, na huyo anaruhusiwa kuomba.

Mwenye E tatu hajapotea. Anaweza kuingia diploma moja kwa moja, kwa kuwa kozi nyingi hutaka prinsipo moja na sabsidiari moja tu, au akasoma programu ya msingi ya Chuo Kikuu Huria kisha akaomba digrii. Ila ajue mapema. Tangu mwaka 2017 waombaji hupeleka maombi chuoni moja kwa moja, na madirisha ya maombi hufunguliwa na kufungwa kwa tarehe. Nimeona vijana wakiomba vyuo vitano kwa sifa wasizokuwa nazo, wakilipa ada ya maombi kila mahali, mpaka dirisha la mwisho likafungwa.

MAJINA YETU NA KARATASI ZETU

Nikiulizwa ni jambo gani dogo linalowatesa zaidi vijana wa Kiislamu wanapofika mlango wa chuo, nitasema majina. Cheti cha kuzaliwa kimeandikwa Khadija. Mwalimu wa darasa la kwanza aliandika Hadija. Cheti cha kidato cha nne kinasema Hadija S. Mohamedi, na kitambulisho cha NIDA kinasema Khadija Salumu Muhammad. Mama anasema "si mtu mmoja huyo huyo?" Kwetu ni mmoja. Kwa kompyuta ni watu watatu. Fatuma na Fatma, Hamisi na Khamis, Husseni na Hussein, kila tofauti ya herufi moja inaweza kumrudisha mtoto kwenye foleni. Wengine shuleni waliandikishwa kwa jina la babu, wengine kwa jina la mjomba aliyewalea. Na nimekutana na cheti ambacho neno "bin" limegeuka kuwa jina la kati.

Jina likishachapwa kwenye cheti cha NECTA si jambo jepesi kulibadili. Kwa hiyo kazi hii ifanywe kabla ya usajili wa mtihani. Mtoto akiwa kidato cha pili, mzazi achukue cheti cha kuzaliwa, aende nacho shuleni, aombe kuona jina lilivyoandikwa kwenye orodha ya usajili, alinganishe herufi kwa herufi. Kama hana cheti cha kuzaliwa, aanze RITA sasa hivi. Ikiwa makosa yameshatokea, kuna hati ya kiapo kwa wakili na kuna hati ya kubadili jina inayosajiliwa, lakini zote zinataka muda na fedha, na muda ndio unaokosekana wakati wa maombi.

Karatasi hizi zinadaiwa zaidi kwenye mkopo. Bodi ya Mikopo ya Elimu ya Juu, iliyoundwa kwa sheria ya mwaka 2004, hutaka cheti cha kuzaliwa kilichohakikiwa na RITA. Waliozaliwa Zanzibar huhakikiwa na mamlaka ya huko. Fomu husainiwa na serikali ya mtaa na kamishna wa viapo, na mdhamini huambatanisha kitambulisho chake. Kwa yatima inahitajika pia cheti cha kifo cha mzazi, nacho kinahakikiwa. Hapa ndipo ninapoumia. Sisi huzika siku hiyo hiyo, na hiyo ni sunna tunayoishukuru. Lakini kibali cha mazishi si cheti cha kifo. Tukishamaliza hitma hakuna anayerudi kukitafuta cheti. Miaka kumi baadaye mtoto yule, ambaye ndiye hasa anayestahili kutazamwa kwanza, hana karatasi ya kuonyesha kuwa baba yake hayupo. Kamati za mazishi za misikiti yetu zinafanya kazi kubwa ya sanda na jeneza. Naziomba ziongeze jambo moja: baada ya msiba, mtu mmoja amkumbushe mjane cheti cha kifo na aende naye.

Suala la riba katika mkopo nimeulizwa mara nyingi na siwezi kulikwepa. Kwa miaka kadhaa deni lilikuwa likiongezewa asilimia 6 kila mwaka kwa jina la kulinda thamani ya fedha, na nawajua vijana walioacha kuomba kwa sababu hiyo. Tozo hiyo ilifutwa mwaka 2021. Makato ya mnufaika aliyeajiriwa ni asilimia 15 ya mshahara wa msingi. Kuhusu gharama za uendeshaji zilizobaki, mimi ni mwalimu wa shule, si mufti. Nenda kwa sheikh unayemwamini ukiwa na mkataba wa mkopo mkononi umsomee kifungu kwa kifungu. Usiende na maneno ya "nimesikia". Fatwa inayojengwa juu ya habari ya mwaka 2015 haimsaidii kijana wa leo.

MIEZI SABA YA KUKAA BURE

Kati ya mtihani wa Novemba na kuanza kidato cha tano Julai kuna zaidi ya miezi saba. Hakuna kipindi kingine katika maisha ya mtoto wa mjini ambacho kiko wazi hivyo. Watoto wa kike hugeuzwa wapishi wa nyumba nzima, na wa kiume hulinda kijiwe. Simwonei haya mtu ninaposema huu ni upotevu. Katika miezi hiyo kijana anaweza kujifunza kompyuta mpaka aandike na kukokotoa, akajenga Kiingereza chake, maana kidato cha tano kinamngoja kwa Kiingereza. Au akakaa mahali pa kazi ile anayosema anaitaka.

Hili la mwisho ndilo lenye faida kuliko yote. Mwambie anayetaka kuwa mwanasheria aende mahakama ya mwanzo asikilize kesi wiki mbili. Aulize pia njia ikoje, aambiwe kwamba baada ya digrii kuna Shule ya Sheria kabla ya kuwa wakili. Anayetaka udaktari ajue ni miaka mitano ya chuo na mwaka mmoja wa mafunzo kazini. Wengine wataipenda kazi zaidi, wengine wataikimbia, na kukimbia wakati huo ni rahisi kuliko kukimbia mwaka wa tatu wa chuo.

Na wale wenye maduka Kariakoo, ambao hesabu yao ni kwamba kijana akimaliza kidato cha nne aje dukani, siwapingi. Biashara ni kazi ya heshima na wengi wetu tumesomeshwa nayo. Lakini mtoto akikaa dukani, muandikishe masomo ya jioni. Chuo cha Elimu ya Biashara (CBE), kilichoanzishwa mwaka 1965, kiko mjini hapo hapo. Bodi ya Wahasibu (NBAA) ina mitihani ambayo hata mwenye cheti cha kidato cha nne anaweza kuanzia ngazi za chini akapanda mpaka CPA. Nimeona maduka ya baba zetu yakifa pamoja nao kwa sababu daftari lilikuwa kichwani mwa mzee. Kijana anayejua kuandika mizania na kuisoma barua ya TRA bila kutetemeka anaikuza mali ile ile.

Shule zetu nyingi zina mwalimu wa ushauri, lakini mwalimu huyo huyo anafundisha vipindi thelathini kwa wiki na ana wanafunzi mia kadhaa. Tusimwachie peke yake. Katika msikiti wowote wa mjini, safu mbili za mbele zina muuguzi, mhasibu, fundi mitambo, mwalimu na ofisa wa bandari. Kinachotakiwa ni meza moja, Jumamosi moja mwezi Septemba, kabla ya mtihani wa kidato cha pili, na nakala za miongozo ya TCU na NACTVET ya mwaka huo, ambayo hupatikana bure kwenye tovuti zao. Watoto waje na matokeo yao ya mihula, wazazi waje na vyeti vya kuzaliwa. Januari shule zikifunguliwa, kila mzazi wa kidato cha tatu aulize shuleni mambo matatu: karatasi ya kuchagua masomo inatolewa siku gani, inarudishwa lini, na je, imewekwa mahali pa mzazi kusaini? Kama haikuwekwa, aiombe hata hivyo, aipeleke nyumbani, wakae nayo na mtoto usiku mmoja.